Nyuma ya Sola ya Ziwa

Mzee Ndirangu,

Nakuandikia nikiwa nimekalia lile kreti lako la soda, hapa kibandani Munyaka, mlango wazi, mguu wangu mbovu nimeunyosha juu ya betri iliyokufa. Nimechoka. Ungekuwepo ungesema, "Chebet, kuchoka ni ya jioni, saa hii ni saa nne." Basi ni saa nne asubuhi, wewe haupo, na mimi nimechoka.

Mwaka wa pili unaingia tangu tukuzike. Sijawahi kumwandikia mtu aliyekufa, na hata ulipokuwa hai sikukuandikia zaidi ya "nimefika kwa mteja" kwenye simu. Lakini kuna swali nililolibeba miaka mingi bila kukuuliza, na wiki iliyopita nimepata jibu lake juu ya paa la baba yangu. Swali lenyewe ni hili: siku ile ulipokwenda kijijini kwetu Ziwa, uliangalia nyuma ya sola?

Wacha nianzie mwanzo, maana hukumpenda fundi anayefungua kifaa kabla ya kuuliza kilianza kuharibika lini.

Nilikuja kwako baada ya Form Four, baada ya kukaa nyumbani mwaka mzima nikikamua ng'ombe na kusubiri karo ya chuo ambayo haikuja. Ulikuwa unapangusa plaizi yako ya kukatia waya kwa kitambaa. Ukaniuliza natoka wapi. Nikasema Ziwa. Ukaendelea kupangusa plaizi ambayo ilikuwa safi tayari. Nilijua kwa nini, kwa sababu Munyaka nzima ilijua habari yako. Ulikuwa na nyumba karibu na maduka ya Ziwa senta, na shamba dogo la mahindi, na chumba cha mbele ambamo watu walileta betri za gari uwachajie ili waone televisheni. Kisha ikaja ile Januari ya vita baada ya kura. Nyumba ikachomwa. Ukalala kambini na mkeo Mama Shiku na binti yenu Wanjiku, kwenye hema, miezi sijui mingapi. Mahema yalipokunjwa ukasema Ziwa hutarudi tena, ukajenga hapa. Halafu mimi nikatokea mlangoni, msichana wa Ziwa, na jina ambalo halikuhitaji kuulizwa ni la upande gani wa vita ile.

Nilidhani utanifukuza. Ukaniuliza, "Unaogopa paa?" Nikasema hapana. Nilidanganya. Ukasema, "Kuja kesho saa mbili. Na ukuje na suruali."

Somo la kwanza halikuwa waya wala fyuzi. Ulinipa sola chakavu ukaniambia niisome. Nikaangalia kioo, nikaanza kuhesabu vipande. Ukainyakua, ukaigeuza. "Mbele ni ya jua. Nyuma ndio ya fundi. Kabla uguse kitu, angalia nyuma kwanza." Na kweli mambo yote yalikuwa huko: kisanduku cha waya, kutu, panya walipotafuna. Na kwenye fremu, chini upande wa kulia, mikwaruzo ya msumari: jina la mtoto, na kando yake jua dogo la miale mitano.

Huo ulikuwa mtindo wako, na sijaona fundi mwingine akifanya hivyo. Ule msumari wa inchi tatu ulikaa kwenye mfuko wa shati lako, na hukushuka kwenye paa la mtu kabla ya kuuliza mtoto wa nyumba hiyo anaitwa nani. Watu walikucheka. Wewe ukawaambia, "Mwenye nyumba atahama, ama atakufa. Mtoto ndio anasomea hii taa. Sola ni yake." Kuna mzee mmoja wa Kapsoya ambaye hakuwa na mtoto, ukaandika jina la paka wake. Bado ninaihudumia hiyo sola. Paka alikufa, na mzee alinikataza kabisa kulifuta.

Krismasi yangu ya pili kazini nilienda nyumbani. Taa ilikuwa imefifia, na mimi sasa nilikuwa fundi, mama alikuwa ameshajisifu kwa majirani wote. Nikapanda paa kuosha sola.

Mzee, wacha nikuambie jinsi hiyo sola ilivyofika kwetu. Ilikuja Januari ile ile. Nilikuwa Form Two, shule zilikuwa zimefungwa kwa sababu ya vita. Baba alirudi na baiskeli mchana, nyuma amefunga kitu kwa blanketi. Akasema amenunua sokoni. Wiki hizo vitu vingi vilikuwa vinanunuliwa Ziwa: magodoro, milango, mabati yenye matundu ya misumari, cherehani. Kwetu hakuna aliyeuliza, na hata mimi sikuuliza. Nilifurahi. Tulikuwa na koroboi iliyokuwa ikinitoa makamasi meusi, na ghafla nikawa na taa nyeupe. Nilisomea taa hiyo mpaka mtihani wa Form Four. Nilipita.

Basi nikaiosha mbele, kisha mkono wangu, kwa mazoea uliyonipa wewe, ukainua ukingo ili niangalie nyuma. WANJIKU. Na jua la miale mitano.

Nilikaa juu ya paa mpaka mama akaniita mara tatu. Niliposhuka nikamwambia baba, "Hii sola ni ya Mzee wangu." Hakuuliza ni mzee gani. Alisema, "Kunywa chai, inapoa." Tukanywa chai.

Nilirudi kazini Januari nikiwa nimepanga maneno. Niliyapanga upya kila Jumatatu. Siku moja ulikuwa umeinamia kontrola, kile kisanduku kinachoongoza umeme wa sola kwenda kwa betri, unaunganisha nyaya zake kwa risasi iliyoyeyushwa, moshi unakuingia machoni. Nikasema, "Mzee." Ukasema, "Mm?" Nikasema waya umeisha. Waya haukuwa umeisha. Uligeuka ukaona roli nzima imening'inia ukutani, ukanitazama, ukarudi kwenye kontrola yako. Mpaka leo nikiona roli ya waya naona aibu.

Ningekuambia nini? Kwamba wakati Wanjiku alikuwa anasoma hemani kwa mshumaa, mimi nilikuwa nasomea taa yake? Kwamba kile kichwa ulichokuwa ukikisifu mbele ya wateja, "huyu msichana anashika haraka," kilijengwa kwa kitu kilichotolewa kwenye paa lako kabla ya moto? Niliogopa utaniambia nitoke. Zaidi niliogopa hutaniambia nitoke, ila utaacha kuniita mtoto wa mchana. Unakumbuka nilipokuambia Chebet ni aliyezaliwa mchana? Ulicheka ukasema ndio maana jua linanisikia.

Halafu nikaanguka. Mabati ya Kapsoya, mvua imetoka kunyesha, na mimi na kiburi changu cha kutofunga kamba. Mguu ukavunjika mahali pawili, na simu ikavunjika pia. Ulikuja wodini na mandazi kwenye gazeti, na ukautoa ule msumari mfukoni ukaniwekea kiganjani. "Shika hii mpaka urudi kazi." Wagonjwa wengine walituangalia kama wehu.

Wiki hiyo hiyo taa ya kwetu ikazimika kabisa, na mdogo wangu Jelagat alikuwa katikati ya mtihani wa Form Four. Baba hakunipata, akakupigia wewe. Nilikuja kujua baadaye, wakati ulikuwa umeshaenda. Wewe, uliyekuwa unapokea wateja wa Turbo, wa Moiben, wa kila mahali, lakini mteja wa Ziwa akipiga unasema gari halina mafuta. Na gari hukuwa nalo.

Kesho yake ulikuja wodini. Nilikuangalia usoni nikitafuta. Ukasema, "Baba yako ana chai nzuri. Ilikuwa fyuzi. Nimekaza na waya." Ukaniuliza kama nimekula.

Hapo ndipo swali lilipozaliwa. Nilijua huwezi kugusa sola bila kuangalia nyuma. Lakini pia nilijua fyuzi iko ndani ya nyumba, na mzee mwenye kifua kigonjwa kama chako hana haja ya kupanda paa kwa sababu ya fyuzi. Kwa hivyo nikabaki katikati. Ukinitania, nasema hajui. Ukinyamaza mchana mzima, nasema anajua. Uliponiachia ufunguo wa kibanda nikasema hajui kabisa, mtu hawezi kumwachia ufunguo binti wa nyumba ile. Miaka ikaenda hivyo.

Hata siku ya mwisho, ile mipira ya hewa ikiwa puani, ulinishika kifundo cha mkono, ukanivuta karibu, nikajua sasa ndiyo saa. Ukasema, "Kontrola ya kanisa. Usisahau." Basi. Kontrola ya kanisa! Mzee, jamani.

Sasa nikupe habari za kazi, maana najua hapo ungekuwa umeshaanza kuuliza.

Kazi imekuwa kubwa kuliko sisi. Sola unazokumbuka, zile watu walizijengea vizimba vya chuma na kufuga mbwa kwa ajili yake, sasa zinapangwa dukani karibu na unga. Zinatoka China kwa makontena, zinapanda na malori kutoka Mombasa, na kila zikija ni kubwa zaidi na bei iko chini zaidi. Betri za asidi zinaisha. Hizi za lithiamu nazibeba kwapani kama Biblia, hazitaki maji, hazitoi mvuke. Suruali zangu hazina matundu tena. Nikikumbuka zako, zote zilivyoliwa na asidi magotini, na kile kikohozi, najiuliza kama zingefika mapema kidogo ungekuwa hapa. Daktari hakusema ni asidi. Mimi ndiye ninayesema.

Bodaboda za umeme zimejaa mjini. Zinapita kimya, mpaka mbwa wa Kapsoya wamechanganyikiwa, hawajui wabweke saa ngapi. Dereva betri ikiisha anaingia stesheni, anaacha hiyo anachukua nyingine, anaenda. Kule Ziwa pampu za maji zinaendeshwa na jua, na maziwa ya jioni ambayo akina mama walikuwa wakiyamwaga yakiganda sasa yanalala kwenye mtungi wa baridi mpaka lori lije. Mama yangu hamwagi maziwa tena. Kando ya barabara kuna kampuni imekodi shamba zima na kupanda paneli mahali palipokuwa na mahindi, mistari kwa mistari, kondoo wanakula nyasi chini yake. Wazee wanabishana kama hiyo ni laana au ni maendeleo. Wenye shamba hawabishani.

Nilipelekwa semina. Walituambia dunia nzima sasa inahamia kwenye jua na upepo, wakatuonyesha picha za mashine za upepo za Turkana na za nchi ambazo siwezi kuzitaja vizuri. Wakatuambia sisi mafundi ndio tuko mstari wa mbele. Nilikukumbuka nikataka kucheka. Wewe ulihamia kwenye jua zamani, na hakuna aliyekupa chai ya semina.

Na kuna mengine hawakuyaonyesha. Taa za plastiki zilizokufa zimejaa mitaroni. Sola feki zinang'aa mwezi mmoja halafu zinakuwa vioo. Nyuma ya nyumba za watu, betri za zamani zinapasuliwa kutoa madini ya risasi, kuku wakidonoa hapo hapo. Nimesema mpaka nimechoka kusema.

Utanigombeza kwa hili: siku tatu kwa wiki nafanyia kampuni kazi. Wamenipa koti la kung'aa na cheo cha kusimamia mafundi wao. Kibanda peke yake kilikuwa hakinilishi tena, Mzee. Kila tukimaliza nyumba, simu ya kampuni inataka picha nne: sola kutoka mbele, betri, kontrola, na mteja akitabasamu. Nyuma hakuna anayeuliza. Vijana wana vyeti, wana haraka, wanamaliza nyumba tano kwa siku. Ukiwauliza mtoto wa nyumba hiyo anaitwa nani wanadhani unawatania. Na mimi, aibu yangu, niliacha. Msumari wako ulikaa kwenye droo tangu mazishi.

Sasa nifike kwa wiki iliyopita.

Baba ameagiza sola mpya, sita, na betri ya lithiamu, kwa ajili ya pampu na maziwa. Hakuniambia kwa sababu alitaka kunishangaza. Alinipigia asubuhi vijana wakiwa wameshafika. "Chebet, hawa wanasema ya zamani wanaenda nayo. Inaenda kuvunjwa."

Nilimwambia, "Wasiiguse." Nilipaza sauti. Sijawahi kumpazia baba sauti maisha yangu yote. Akasema, "Kuja basi."

Nilipofika, kijana mmoja alikuwa ameshaegemeza ngazi. "Madam, hiyo kitu ni ya makumbusho," akaniambia. "Ya zamani inaenda recycling, hiyo ni policy ya kampuni." Kisha akaliona koti langu, ni la kampuni ile ile, akajikuna kichwa. Nikawaambia wakakae na mama wanywe chai. Nikavua viatu, nikapanda na mguu wangu huu. Nilipofika nusu nikahisi ngazi imetulia. Nikaangalia chini. Ni baba, na miaka yake hiyo, ameishika kwa mikono miwili.

Bolti nne. Tatu zilifunguka, ya nne ilikuwa na kutu nikaipiga mpaka ikaachia. Kisha nikafika kwenye waya, mkono wangu ukasimama. Tepu ilikuwa imezungushwa mara mbili na ncha yake imekunjwa, ili fundi atakayekuja aipate bila kuitafuta kwa kucha. Hakuna mtu mwingine Uasin Gishu nzima anayekunja ncha ya tepu.

Kwa hivyo ulipanda. Kwa fyuzi, na kifua kile, ulipanda.

Nikaigeuza. WANJIKU, na jua lake, mikwaruzo imekuwa myeusi. Na chini yake, mikwaruzo mipya zaidi, imepinda kama ya mtu aliyepiga magoti mahali pabaya: NA CHEBET. Na jua la pili. Nilihesabu miale kwa kidole. Mitano.

Nililia, Mzee. Nililia kwa sauti, juu ya paa, vijana wa kampuni wakatoka na vikombe mkononi.

Baba hakuachia ngazi. Aliongea akiangalia ukuta. "Siku hiyo alipanda, akakaa huko sana. Akashuka akaniomba msumari. Nikampa. Akapanda tena." Akaendelea: "Alikunywa chai vikombe viwili. Hakuniuliza kitu. Mimi pia sikusema." Halafu akasema neno ambalo nimelisubiri tangu nikiwa Form Two. "Nilinunua, Chebet. Si mimi niliitoa kwa nyumba ya mtu. Lakini nilijua ni ya mtu."

Nimekukasirikia, nataka ujue. Watu wazima watatu, kila mmoja anajua, kila mmoja anakunywa chai. Ungeniambia pale wodini, ningelia siku moja yakaisha. Badala yake nilikuogopa miaka yote hiyo, nikakuzika nikikuogopa. Uliandika jina langu mahali ambapo hakuna mtu angeliona. Najua utasema mimi ni fundi, ningeangalia. Sikuangalia. Tangu ile Krismasi sikuthubutu kupanda paa hilo tena, nilikuwa namtuma mtu mwingine. Kwa hivyo kosa ni langu nusu, na nusu ni lako, na sitakuachia nusu yako.

Baba alileta blanketi la kuifungia. Sikuuliza kama ni lile lile. Kisha akavaa kofia yake ya kanisani akasema twende. Sikuamini mpaka nilipomwona amekaa kwenye gari. Baba yangu alikuwa hajakanyaga Munyaka tangu vita.

Mama Shiku alitufungulia akiwa na unga mikononi. Baba alisimama mlangoni, kofia kifuani, Kiswahili chake kikampotea kidogo. "Mama, nimeleta kitu yenu. Imekaa kwangu miaka mingi. Nilijua si yangu."

Mama Shiku aliitazama sana. Alipangusa mikono kwa aproni, akaigeuza yeye mwenyewe, bila kuambiwa. Mke wa fundi. Akapitisha kidole juu ya jina la binti yake, kisha juu ya langu. Akaanza kwa kucheka, mwisho akalia.

"Huyu mzee!" alisema. "Alitoka Ziwa hiyo siku akakataa chakula. Nikadhani amekumbuka moto. Nikamuuliza, umeona nini huko? Akaniambia, 'Nimeona sola yetu. Imesomesha watoto ya watu.' Nikamwambia twende tuichukue, ni yetu! Akasema, 'Wacha. Iko kazini.'"

Mama Shiku hakumwambia baba kwamba yameisha. Sidhani yameisha. Nyumba haikurudi, shamba lenu lina mtu mwingine, na Wanjiku, ambaye sasa ni nesi Nakuru, hajawahi kukubali kupita njia ya Ziwa hata kwa gari. Mama Shiku aliweka chai mbele ya baba, naye akawa anaiangalia tu, kofia gotini. Nikaogopa tutakaa hivyo mpaka jioni. Mwishowe yeye ndiye aliyesema, "Kunywa, mzee. Inapoa."

Alikunywa yote.

Sola Mama Shiku aliikataa. Alisema ina majina mawili, hawezi kukaa nayo peke yake. Kwa hivyo iko hapa juu yangu, kwenye mabati ya kibanda. Nilipima: imezeeka, inatoa nusu ya nguvu zake, lakini inatosha taa moja na redio yako. Nilimpigia Wanjiku nikamweleza yote, baiskeli, blanketi, mtihani wangu, yote. Akauliza tu, "Bado inawaka?" Nikasema inawaka. Akasema atakuja kuiona, hajui lini. Sikumharakisha.

Kura zinakaribia tena, Mzee. Wameanza kusimama juu ya magari na kusema yale yale, nani ni mgeni na nani ni mwenyeji. Nimechoka nao kuliko ninavyochoka na paa. Mtu akiingia hapa na maneno hayo nitaishusha sola, nitaigeuza, na nitamsomea. Nimewaambia vijana wa kampuni pia: kwenye timu yangu kuna picha ya tano, ya nyuma, na iwe na jina la mtoto. Wameguna. Watazoea.

Jumamosi naenda Ziwa. Juu ya paa la baba kuna sola mpya sita zisizo na jina, na Jelagat sasa ana binti, Cherono, ameanza nasari na anaandika herufi zote kichwa chini. Msumari nimeutoa kwenye droo. Nitaandika jina lake, na jua, miale mitano. Na nakuahidi hivi: nikishuka nitasimama mbele ya baba na mama na Jelagat na mtoto mwenyewe, nitawaambia kwa sauti nimeandika nini huko juu, na nimejifunza kwa nani, na sola ya kwanza ya nyumba hiyo ilitoka wapi. Chai itapoa. Wacha ipoe.

Lala sasa, Mzee wangu. Pumzisha kifua.

Kontrola ya kanisa niliitengeneza wiki ile ile uliyoniagiza.

Mtoto wako wa mchana,
Chebet